BINTI WA DIRMA NA BINTI WA WETE

Dirma ni kata ya Wilaya ya Hanang, Mkoa wa Manyara, mbali kabisa na bahari, katika nchi ya Wairaqw na Wabarabaig, ambako utajiri wa mtu huhesabiwa kwa ng'ombe kama ulivyokuwa ukihesabiwa kwetu kwa mikarafuu. Zamani nchi hiyo yote ilikuwa chini ya Mbulu. Leo makao ya wilaya yako Katesh, chini ya mlima Hanang. Mwanachama wetu wa Kengeja au wa Mkokotoni atauliza: Dirma yatuhusu nini sisi, tuliokwisha kulemewa na yetu?

Yatuhusu. Hakuna mnada wa Bara usiofikiwa na kijana wa Pemba na robota lake la nguo, na palipo na vijana, habari ya kuoa haikosekani. Yatuhusu pia kwa sababu Dirma imekwisha kuingia katika maneno ya mabarazani kwetu hata kabla hatujaitaja. Yasemwa, na baadhi ya wasemaji ni wanachama wa siku nyingi ambao twawaheshimu, kwamba kumwachia mtu mzima achague mke au mume wazazi wakiwa hawataki ni mtindo wa huko Bara. Kwamba sheria ya huko imewavua wazazi nguo. Na kwamba chama cha watu wa visiwani hakina haja ya kutia mdomo katika mambo ya ndani ya nyumba za watu. Wengine huongeza neno moja zito, nalo ni mwaka 1970. Tutafika huko.

Kwanza tutoe mfano. Hatumtaji mtu, wala hatusimulii kisa cha nyumba yoyote. Kijana wa Wete, mwenye miaka 24, auza nguo katika minada ya Hanang. Huko Dirma amemwona binti wa miaka 20, wamependana, na wamekubaliana kuoana. Baba wa binti hataki: huyu ni mtu wa kuja, hana zizi, hana ukoo unaojulikana, na ng'ombe watatoka wapi? Baba wa kijana naye, aliyekaa barazani kwake Wete, hataki: mwanawe hakwenda Bara kuoa, alikwenda kuchuma, na hapa nyumbani binti ami yake amekwisha kusemewa. Wazee wawili ambao hawajapata kuonana, wala hawajui lugha moja ya mama, wamekuwa na kauli moja.

Sheria yasemaje? Bara ipo Sheria ya Ndoa, Nambari 5 ya mwaka 1971, iliyoanza kutumika tarehe 1 Mei, 1971. Kifungu chake cha 16 chasema kwamba ndoa haifungwi ila kwa ridhaa ya kila mmoja wa wenye kuoana, ridhaa iliyotolewa kwa khiari na pasipo kulazimishwa. Kifungu cha 38 chasema kwamba ndoa iliyofungwa pasi na ridhaa hiyo si ndoa. Kifungu cha 17 kilimtaka binti aliye chini ya miaka 18 apate idhini ya babaye, au ya mamaye ikiwa baba amekufa. Aliyetimiza miaka 18 hakuwekewa sharti hilo. Na wale ng'ombe? Kifungu cha 41 chasema kwamba ndoa iliyo halali haiharibiki kwa sababu tu mila za mahari au za kupeana zawadi hazikutimizwa.

Wenye kutaka kuoana hutoa taarifa siku 21 kabla, taarifa ikatangazwa, na mwenye pingamizi akapewa nafasi ya kulileta. Lakini pingamizi hilo liwe ni zuio linalotambuliwa na sheria: kwamba hawa ni ndugu wasioweza kuoana, au mmoja wao yumo katika ndoa nyingine inayozuia, au umri haujatimia. "Simpendi huyu kijana" si pingamizi. "Si kabila letu" si pingamizi. Baba wa Dirma aweza kufika Katesh, akasema yote yaliyomo moyoni mwake, akasikilizwa kwa adabu, na ndoa ikafungwa bomani mbele ya macho yake.

Kijana wetu vile vile. Ni mwanamume mzima. Hana walii katika sheria ya Bara wala katika sharia ya Kiislamu. Baba yake wa Wete ataweza kununa, na kumnyima shamba, na kukataa kumpokea mkwewe. Kumzuia hawezi.

Sasa ugeuzeni mfano huo. Kijana yule ana dada yake, baba mmoja mama mmoja, miaka 20 vile vile, yupo hapo hapo Wete. Ametakwa na mvuvi wa Tumbe: Muislamu, mwenye kusali, mwenye chombo chake, hana mke mwengine, hana aibu inayojulikana. Binti ameridhika. Baba hataki, na akiulizwa sababu hujibu maneno matatu tu: si watu wetu. Je, binti huyu afanye nini?

Sheria ya 1971 haikuvuka bahari. Ilitungwa kwa ajili ya Bara peke yake, na ndoa haimo katika mambo ya Muungano. Yeye mambo yake ni ya Kadhi. Wengi katika sisi hudhani kwamba hapo ndipo ukuta ulipo, kwamba maadamu Shafii hawaozeshi bila ya walii, basi baba akisema la, la limekwisha. Hivyo ndivyo binti zetu wanavyoambiwa na mama zao, na mama zao waliambiwa hivyo hivyo. Lakini wenye elimu wanajua, na twasikitika kwamba hawasemi kwa sauti ya kusikika, kuwa walii anayemzuia binti kuolewa na mtu aliye kufu yake, naye binti amemtaka, na walii hana sababu ya kisharia, hufanya dhulma ambayo vitabu vimeipa jina lake: adhli. Ikithibiti adhli, hakimu, yaani kadhi, huozesha mwenyewe. Hili halikuletwa na Wazungu, wala halikutoka Dodoma. Limo katika vitabu vya fiqhi vinavyosomeshwa katika vyuo vyetu miaka nenda miaka rudi.

Kwa nini basi binti wa Wete hajui? Kwa sababu wanaojua ni mababa.

Hapa tutajibiwa, na ni haki tujibiwe, kwamba katika madhehebu ya Shafii baba na babu ni walii mujbir, na kwamba aweza kumwoza binti bikra hata bila ya kumtaka idhini. Hatukimbii jambo hili. Imo kauli hiyo vitabuni. Lakini anayeitaja aitaje yote, pamoja na masharti yake: kwamba mume awe kufu, kwamba pasiwe na uadui kati ya baba na binti, kwamba mahari yasipungue ya mfano wake, na kwamba kumtaka shauri binti ni jambo lililopendekezwa na wanavyuoni hao hao. Kisha akumbuke hukumu ya Mtume mwenyewe katika kisa cha Khansa binti Khidam, mwanamke aliyekwisha kuolewa kabla, ambaye babaye alimwoza asikotaka, naye akaja kushitaki, na ndoa ile ikavunjwa. Kisa hicho kimo katika Bukhari. Na katika Abu Daud imo riwaya ya binti bikra aliyeozwa hali akichukia, akapewa khiari yake. Madhehebu ya Hanafi, ambayo Waislamu wengi wa dunia huyafuata, hayakubali hata kidogo kwamba mwanamke mzima mwenye akili alazimishwe. Hatumwambii mtu abadili madhehebu. Twasema tu kwamba anayejificha nyuma ya dini ili asimsikilize binti yake, amechagua ukurasa mmoja akaichana mingine.

Na hiyo kufu! Neno lililowekwa kumlinda mwanamke asitupwe mahali pa kumdhalilisha, leo limekuwa pazia la kufichia rangi na kabila. Mwarabu kwa Mshirazi, Mshirazi kwa Mmakonde, mtu wa mji kwa mtu wa shamba. Kila mmoja anaye wa kumtupia neno hilo. Mzee wa Dirma asema "huyu ni mtu wa kuja" na mzee wa Wete asema "si watu wetu", na tofauti ni kwamba wa Dirma hasemi kuwa maneno yake ni dini.

Tuje sasa katika lile neno zito. Mwezi wa Septemba, 1970, hapa Unguja, wasichana wanne wenye asili ya Kiajemi waliozeshwa kwa nguvu wajumbe wa Baraza la Mapinduzi, watu waliowazidi sana umri. Jamaa zao waliojaribu kuzuia walitiwa ndani. Dunia ilipiga kelele. Udhuru wa utawala wa Mzee Karume ulikuwa kwamba wazazi wa jamii zile huwanyima Waafrika binti zao kwa ubaguzi, na kwamba pingamizi la wazazi wa namna hiyo lazima livunjwe. Tangu siku zile, mtu akitaja hapa kwetu kwamba sheria iingilie kati ya baba na binti katika ndoa, wazee hushtuka. Husema: tuliiona sheria ikiingia, ilikuja na bunduki.

Khofu hiyo twaielewa, na chama hiki, ambacho wengi wa waasisi wake wana makovu ya miaka ile, hakiwezi kuibeza. Lakini waliorithi khofu hiyo wamelirithi kosa pamoja nayo. Waulizwe: ubaya wa 1970 ulikuwa nini? Ikiwa ubaya wake ulikuwa kwamba serikali iliwadharau mababa, basi mababa wale wangalikubali, kwa khofu au kwa cheo, jambo lingekuwa halali, na wasichana wanne wale wasingekuwa na la kusema. Hakuna mwenye utu atakayekubali hesabu hiyo. Ubaya ulikuwa kwamba wasichana wenyewe hawakutaka. Waliolia ni wao. Ubaguzi wa wazazi, kama ulikuwepo, ulikuwa wa kukemewa. Lakini dawa ya baba anayemzuia binti asiolewe na amtakaye haikuwa kumwoza kwa asiyemtaka. Baraza la Mapinduzi lilimnyang'anya baba rungu, likalishika lenyewe.

Na tazameni mambo yalivyo. Haikutimia hata miezi minane tangu aibu ile, Sheria ya Ndoa ikaanza kutumika ng'ambo ya pili ya bahari, katika nchi hiyo hiyo moja ya Muungano, ikasema kwamba ndoa ni ridhaa ya wenye kuoana. Binti wa Dirma akapewa kwa maandishi kile ambacho binti wa Unguja alikuwa ametoka kunyang'anywa kwa mtutu. Sheria ile ingekuwa ngao kwa wasichana wale wanne, kwa sababu haikumpa khiari baba wala haikumpa serikali. Wazee wanaoikhofia sheria kwa ajili ya 1970 wanaikhofia ngao kwa sababu waliwahi kupigwa upanga.

Hatusemi kwamba Dirma ni peponi. Kifungu cha sheria hakitembei kwa miguu. Kutoka vijijini hadi ofisi ya Katesh ni safari, na binti anayesafiri kwenda bomani bila ya babaye kujua ameacha nyuma nyumba, mama, na wadogo zake. Ng'ombe wakiwa wameshapokewa kwa mtu mwengine, kila ndombe aliye zizini huwa ni shahidi dhidi yake. Aliyewapokea amekwisha kuwagawa au kuwatolea mahari ya mwanawe wa kiume, na kukataa kwa binti mmoja hugeuka kuwa deni la ukoo mzima. Uganda walilitazama jambo hili mwaka 2015, Mahakama yao ya Juu ikapiga marufuku desturi ya kudai mahari yarudishwe ndoa inapovunjika, kwa kuwa desturi hiyo humfanya mwanamke mfungwa wa mifugo. Kwetu hatuna ng'ombe wa kugawa, lakini dhahabu, shamba na "neno nililokwisha kulitoa" hufanya kazi ile ile.

Tena sheria ya Bara ilikuwa na ufa wake. Ilimruhusu mvulana kuoa akiwa na miaka 18, na msichana kuolewa akiwa na 15 kwa idhini ya baba. Ufa huo si mdogo. Baba anayejua kwamba binti akifika 18 hana tena neno juu yake, humuwahi akiwa na 15, na ile idhini ya baba iliyowekwa iwe kinga huwa ndiyo mlango wa kumtolea. Mwaka 2016 Mahakama Kuu, katika shauri la Rebeca Gyumi, ilivitangaza vifungu vya 13 na 17 kuwa vinakwenda kinyume na Katiba. Serikali ikakata rufaa, na tarehe 23 Oktoba, 2019, Mahakama ya Rufani ikaikatalia. Serikali ilikuwa imepewa mwaka mmoja kurekebisha sheria, na mwaka huo ukapita hivi hivi. Wanaotuambia kwamba sheria ya Bara imewavua wazazi nguo wajue kwamba kwa watoto imewavika joho.

Kuhusu radhi ya wazazi, tuseme machache kwa kuwa jambo lenyewe halihitaji mengi. Radhi ni kitu kikubwa, na hakuna katika sisi anayetaka kuoa au kuolewa bila ya radhi ya wazee wake. Mtoto mwenye adabu atamwendea babaye mara ya kwanza, na ya pili, na ya saba. Atawatuma mashangazi, atamtuma imamu. Wazee nao mara nyingi huona lisiloonwa na kijana aliyepofuliwa na mapenzi, na shauri lao ni mali. Lakini shauri ni lile linaloweza kukataliwa. Likiwa haliwezi kukataliwa ni amri, na radhi inayotolewa kwa sharti la kutii amri hiyo imekuwa bidhaa. Tumewaona waliofuata amri hiyo, wakaishi miaka 20 katika nyumba wasiyoitaka, wazazi waliowaamuru wakiwa wamekwisha kufa zamani.

Sasa tuseme na nafsi zetu kama chama. Tumelalamika miaka mingi, na tuna haki, kwamba mtu mzima mwenye miaka 18, mzaliwa wa hapa, hufika kwa sheha kutaka kuthibitishwa apate kitambulisho cha Mzanzibari mkaazi na kura yake, sheha akamtazama akamwambia "sikujui" na mambo yakaishia hapo. Twauita udhalimu, kwa sababu sheha hatoi sababu, na kwa sababu haki ile si yake yeye kuitoa au kuizuia; aliwekwa pale athibitishe tu. Je, baba anayemwambia binti yake wa miaka 20 "simtaki" pasipo sababu, ana tofauti gani na sheha huyo? Walii naye amewekwa kuthibitisha na kulinda. Hakupewa binti awe mali yake. Mwanachama anayeandamana dhidi ya sheha asubuhi, na jioni akarudi nyumbani akawa sheha, atatueleza nini sisi? Na binti aliyefungiwa chumbani kwa sababu ya mume, akisikia kipaza sauti chetu kikipita barabarani kinahubiri khiari, atacheka au atalia?

Kuna waliotushauri tusiiandike makala hii kabla ya uchaguzi, kwa kuwa wapiga kura ni wazee. Wapiga kura ni wenye miaka 18.

Twalitaka Baraza la Wawakilishi liyaandike haya katika sheria, wala hayana hata moja linalogombana na kitabu. Mfungishaji ndoa asifungishe kabla hajaisikia ridhaa ya binti kwa sauti ya binti mwenyewe, asiwepo baba wala mjomba chumbani. Ule mtindo wa kusema "amenyamaza, basi amekubali" usimtoshe. Binti aliyetimiza miaka 18 anayezuiwa na walii awe na njia ya wazi ya kumfikia kadhi wa wilaya yake, walii aitwe, aulizwe sababu, sababu iandikwe. Na uamuzi utolewe katika siku 21, siku zile zile ambazo baba wa Dirma hupewa aseme lake kisha akae. Asitumwe binti kurudi nyumbani "mkasikilizane" na mtu aliyemfungia mlango.

Kabla Baraza halijafanya hivyo, mlango wa kadhi uko wazi leo, na wanaougonga kila siku, kwa habari za matunzo na talaka, wengi wao ni wanawake. Twawaomba viongozi wa wanawake katika matawi wawajuulishe mabinti kwamba adhli ni shauri linaloweza kufunguliwa kama hayo mengine, na kwamba binti aende na mposaji wake na watu wazima wawili wanaoijua tabia ya mposaji huyo. Asiye na nauli wala ada, tawi lake limchangie.